Nilimsingizia Mwanamke wa Baiskeli

Kosa ni langu. Nalisema mapema ili usihangaike kumtafuta mwingine wa kumlaumu. Si la mume wangu, si la shetani, wala si la baridi ya Minnesota. Ni langu mimi na mdomo wangu.

Jina sitaliandika. Mimi ni mwanamke wa miaka thelathini na minne, mzaliwa wa Fizi, Kongo. Nimekulia kwenye kambi ya wakimbizi Kigoma, na sasa nakaa Hopkins kwenye apatimenti za zamani, ghorofa ya tatu. Nafanya kazi kwenye nyumba ya kutunzia wazee. Kanisani kwetu mimi ndiye niliyekuwa mkalimani. Angalia vizuri, nimesema niliyekuwa.

Sasa nikuambie jambo ambalo nilikuwa sijamwambia mtu. Kiingereza changu ni cha kugeuza wagonjwa. Naweza kukuuliza umelalaje, unaumwa wapi, umekwenda choo mara ngapi, na ukinijibu nitakuelewa sawasawa. Ukitoka hapo ukaingia kwenye mambo mengine, naanza kuokota neno mojamoja kama mtu aliyemwaga maharage. Lakini nina sura ya kuelewa. Natikisa kichwa, nakunja paji la uso kidogo, nasema "yes, yes", na wamama wote wanatulia.

Chini yangu, ghorofa ya pili, anakaa bibi mmoja Myahudi. Nitamwita Bi Hana. Ana miaka sabini hivi, mwembamba, anavaa viatu vya kukimbilia hata akienda kutupa taka. Tulijuana kule chini kwenye mashine za kufulia nguo. Siku moja akanisimulia habari ndefu huku nguo zake zikizunguka, na machozi yakamlengalenga. Nilishika maneno matatu: mama yake, vita, Wajerumani. Nikatikisa kichwa. Kesho yake akaniletea boksi la dividii, tamthilia ya televisheni, akanishika mkono akasema niitazame.

Nilifurahi, maana kila Jumamosi saa nane mchana wamama wa kanisa huja kwangu kunywa chai. Tulikuwa watano kwa jumla. Mmoja ni mke wa mchungaji wetu, tunamwita Mama Mchungaji. Wawili ni ndugu wa tumbo moja, waimbaji wa kwaya. Wa nne ni Mama Penina.

Mama Penina nikueleze vizuri. Mama yangu alifariki kambini nikiwa na miaka kumi na mmoja, na huyu ndiye aliyenichukua. Alinisuka nywele, alinipiga nilipostahili, na siku ya harusi yangu alikaa mahali pa mama. Hapa Marekani anakaa jengo la pili kutoka langu. Ananiita "mtoto" mpaka leo. Kiingereza hajui kabisa, na hakuwahi kusumbuka kukitafuta, kwa sababu ana mimi.

Basi tukaweka dividii ya kwanza. Kumbe watu wanaongea Kiholanzi! Chini ya picha kuna maandishi ya Kiingereza, na maandishi hayo yanapita kama magari ya barabara kuu. Nikimaliza kusoma neno la pili, mstari umeshakimbia na mwingine umekuja.

Wamama wakanigeukia. Vikombe mkononi, macho kwangu.

Ningesema wakati ule, "Jamani, sielewi," ingekuwa imekwisha. Tungeweka sinema ya Kinaijeria tukaendelea na chai. Sikusema. Nikakunja paji la uso, nikaanza kutafsiri.

Mwanzo haukuwa mgumu. Vita unaiona kwa macho. Kulikuwa na daktari na mke wake, na chini ya sakafu ya chumba chake cha kazi walificha familia ya Kiyahudi, baba, mama na watoto watatu, ili Wajerumani wasiwapeleke kuuawa. Hapo nilipatia. Wamama wakasikitika na kumsifu daktari.

Halafu akaingia mwanamke mmoja na baiskeli. Mrefu, koti la kijivu, hatabasamu na mtu. Anakuja kwa daktari, wananong'ona, anaondoka. Baadaye tunamwona kwenye kizuizi cha barabarani, na hapo ndipo anacheka! Anacheka na askari wa Kijerumani, anampa sigara, askari anamshika bega. Maandishi yakapita vuu.

Mama Mchungaji akaniuliza huyo ni nani.

Nikasema, "Huyo ni hawara wa daktari. Na ndiye atakayewauza."

Sijui nilitoa wapi. Lilitoka lenyewe, tena lilitoka kwa sauti ya uhakika, kama ya mtangazaji wa redio. Wamama wakaguna wote pamoja. Wale ndugu wawili wakasema walimshuku tangu alipoingia na lile koti.

Tangu siku hiyo mwanamke yule hakupata raha nyumbani kwangu. Akileta mkate kwa wale waliofichwa, nasema ameutia dawa ya usingizi. Akificha makaratasi ndani ya tairi la baiskeli, nasema ni barua za mapenzi. Siku moja akampakia mtoto mdogo nyuma ya baiskeli, akamfunika blanketi, akaendesha kwenye mvua mpaka shamba la mbali, akamkabidhi kwa mkulima. Nikasema amekwenda kumuuza. Mama Penina aliweka kikombe chini, akakataa kunywa tena.

Jumapili iliyofuata, kwenye maombi ya wanawake, Mama Mchungaji alimwombea. Au tuseme alimwombea mabaya. Alimsihi Bwana atoboe magurudumu ya baiskeli ile. Wanawake kumi na tisa wakasema amina, na mimi nikiwemo.

Baada ya hapo roho ikaanza kunisumbua. Siku yangu ya mapumziko nikaketi peke yangu na rimoti na simu yenye kamusi. Nikawa nasimamisha picha kila mstari, natafuta neno, naandika. Sehemu moja ya dakika hamsini ilinichukua kutwa nzima. Nilipomaliza nilikuwa nimeshika kichwa.

Yule mwanamke ndiye aliyekuwa akiokoa watu. Yeye! Makaratasi ya kwenye tairi yalikuwa vyeti vya kupatia chakula. Mtoto wa kwenye blanketi alikuwa anakimbizwa asikamatwe. Na pale kizuizini alikuwa anamchekea askari ili asikague kikapu cha baiskeli. Hata uhawara haukuwepo. Alikuwa mwanamke wa makamo asiyeolewa, mwalimu wa shule ya Jumapili.

Nilijiambia Jumamosi nitawaeleza. Jumamosi ikafika, Mama Mchungaji akaingia na swali la kwanza: yule kahaba amekwama? Nikamwangalia. Nikafikiria maombi ya watu kumi na tisa. Nikaona haya, nikasema, "Bado, ila karibu."

Sasa sikia nilipofikia. Jumamosi ya nane, Wajerumani wanamkamata. Wanamtoa nje kwa nguvu, baiskeli inaanguka, anatupwa ndani ya lori. Anageuka kuangalia nyumba ya daktari.

Wamama wakasimama wote. Wakapiga vigelegele!

Ndugu yangu, vigelegele vya wanawake wanne wa Fizi si kitu kidogo. Vioo vilitetemeka. Mmoja alicheza. Mama Penina, mwenye magoti mabovu, aliinuka na yeye, akapiga kirefu kuliko wote. Mimi nilikaa kwenye kochi machozi yananitoka, nao wakadhani ni ya furaha.

Mlango ukagongwa. Ni Bi Hana.

Alikuwa amesikia kelele akapanda kuona kama tuko salama. Akaangalia televisheni, akaona mwanamke kwenye lori. Akatuangalia sisi. Akaniuliza taratibu ni kelele gani ile, na swali hilo nililielewa lote, neno kwa neno.

Ningeweza kuungama pale pale. Badala yake nikamwambia kwamba kwetu Afrika, shujaa akichukuliwa, wanawake hulia namna hiyo.

Bi Hana akaweka mkono kifuani. Akaingia ndani, akamkumbatia Mama Penina, akalia. Wamama nao, wasiojua lolote, wakalia kwa kumwonea huruma. Wakaniuliza analia nini. Nikasema amefurahi kwamba yule mbaya amepatikana. Voilà. Kila mtu akaridhika, chai ikamiminwa, na mimi katikati nikitoa jasho mwezi wa pili, nje theluji imefika magotini.

Nilidhani yameisha. Baada ya wiki mbili Bi Hana akanikuta tena kwenye mashine za kufulia. Safari hii aliongea polepole, akanionyesha na picha, nikaelewa karibu yote. Mama yake alipokuwa msichana mdogo alifichwa miezi kumi na sita na mwanamke mmoja wa Kiholanzi, mwanamke wa baiskeli kama yule wa kwenye tamthilia. Ndiyo sababu aliniletea lile boksi. Sasa mwaka ulikuwa unazunguka tangu mama huyo afariki, familia itakutana kumkumbuka nyumbani kwa kaka yake huko Lakeville, na alikuwa na ombi. Kile kilio chetu cha mashujaa, tungekubali kwenda kumlilia yule mwanamke aliyemwokoa mama yake?

Nikasema yes, yes.

Ningewaambiaje wamama waende kupiga vigelegele msibani? Nikawaambia mama yake Bi Hana anatimiza miaka tisini na tatu, tumealikwa kwenye sherehe.

Jumapili mchana mume wa mmoja wa wale ndugu akatupeleka kwa gari. Wamama wamevaa sare ya kitenge cha rangi ya chungwa chenye tausi. Mama Penina amebeba zawadi ya kumvika mwenye siku yake, kitenge kingine, kimekunjwa kwenye mfuko wa maua.

Tukaingia kwenye nyumba iliyotulia. Watu kama ishirini wamevaa nguo za giza, wanaongea chini kwa chini. Mezani mshumaa mmoja unawaka kwenye glasi. Mama Mchungaji akaninong'oneza kuuliza kama Wazungu hawa wameishiwa mishumaa, na keki iko wapi. Nikamwambia ni desturi yao.

Bi Hana akatukaribisha kwa heshima kubwa. Akasema maneno machache mbele ya watu, wote wakatugeukia, akanipa ishara. Nami nikawapa wamama ishara.

Walivipiga! Walivipiga kwa mabega, kwa viuno, na mmoja alikuwa amekuja na filimbi ya kwaya. Wale watu wa Lakeville waliinamisha vichwa na kufuta macho. Mzee mmoja alishika ukuta. Nikaanza kuamini nitatoka salama.

Halafu Mama Penina akaufungua mfuko wake, akatandaza kitenge, akauliza kwa furaha, "Haya, bibi mwenyewe yuko wapi tumvike?"

Kwenye kona alikuwepo msichana Mkenya anayesoma chuo pamoja na mjukuu wa Bi Hana. Wamemwalika makusudi, ati kutakuwa na wamama waongeao Kiswahili wasijione wapweke. Anaitwa Mwende. Akasogea kwa adabu, akamshika Mama Penina mikono miwili.

"Poleni sana na msiba, mama," akasema.

"Msiba wa nani?"

"Si huyu bibi aliyefariki? Leo si ni kumbukumbu yake?"

Mama Penina aliangalia mshumaa. Aliangalia zile nguo za giza. Akakikunja kitenge polepole, pembe kwa pembe, kisha akanigeukia.

"Mtoto," akasema, "sema."

Nikasema. Sikuwa na pa kukimbilia, viatu vyangu vilikuwa mlangoni chini ya rundo la viatu vya watu wengine. Nikasema Kiswahili, na Mwende akawa anaweka Kiingereza, Kiingereza chenyewe hasa, maana Bi Hana alikuwa anaelewa kila kitu na rangi inamtoka usoni. Niliposema kwamba kile kilio kwetu ni cha furaha, akauliza furaha ya nini. Nikasema furaha ya kwamba amekamatwa. Bi Hana akakaa kitini.

Kisha akataka nimweleze, moja kwa moja, niliwaambia nini wamama kuhusu mwanamke yule. Hapo nilitamani kufa. Ikabidi nitaje uhawara. Nikataja mkate wa dawa ya usingizi, nikataja barua za mapenzi kwenye tairi. Nikataja na maombi ya kutoboa magurudumu. Mwende alikuwa anatafsiri huku ameangalia dari.

Kaka yake Bi Hana, yule mzee aliyeshika ukuta, akaanza kutikisika mabega. Nikadhani amepatwa na ugonjwa, nikataka kumshika, maana hiyo ndiyo kazi yangu. Kumbe anacheka. Alicheka mpaka akaletewa maji. Akaenda akaileta picha ya mwanamke aliyemwokoa mama yao, akatuonyesha wote. Mama mmoja mkavu, shati limefungwa vifungo mpaka kooni, anaitazama kamera kama imemkosea. Mzee akasema mama yao alimsimulia kwamba miezi ile kumi na sita mwanamke huyu alimfundisha Zaburi, na kila siku alimkaripia kwa kutafuna mdomo wazi. Hajawahi kuwa hawara wa mtu. Mtu gani angethubutu?

Bi Hana akaitazama ile picha, na yeye midomo ikaanza kumcheza. Basi kicheko kikazunguka chumba kizima. Mama Mchungaji akaomba radhi kwa niaba ya maombi yake, Mwende akatafsiri, watu wakacheka upya.

Sasa sikiliza, maana hapa ndipo panaponiuma. Wale niliowaogopa walicheka. Mtu ambaye sikumwogopa hata kidogo hakucheka.

Kwenye gari kutoka Lakeville mpaka Hopkins, Mama Penina alitazama dirishani. Tulipofika pakingi aliwaacha wenzake watangulie, akabaki na mimi kwenye theluji.

Akanieleza jambo ambalo miaka ishirini na tatu ya kuishi naye hakuwahi kulitaja. Wakati wa vita kule kwetu aliwaficha mabinti wawili wa jirani nyuma ya magunia ya mihogo, wa kabila lililokuwa linatafutwa. Waliokuja kuwatafuta walipokaribia, mwanamke mmoja wa mtaa wao alikwenda kuwapokea barabarani, akawachekea, akawakaribisha pombe, akawachelewesha mpaka usiku ukaingia na mabinti wakavuka. Mwanamke huyo mtaa mzima ulimwita malaya mpaka alipokufa.

"Na mimi niliyejua nilinyamaza," akasema. "Sasa uzeeni wewe umenifanya nimpigie vigelegele askari."

Akaingia kwake. Hakunifokea. Laiti angenifokea!

Mengine ni gharama ndogo, ila nitakutajia. Ukalimani nilinyang'anywa wiki hiyo hiyo. Watu wakaanza kufukua kila nililowahi kutafsiri. Mwende akaombwa asikilize video ya mhubiri mgeni wa kutoka Anoka, yule ambaye kwa tafsiri yangu watu wanne walilia wakapatana na maadui zao. Kumbe mtu yule alikuwa anatuomba tusipaki magari kwenye nyasi za kanisa. Na mama mmoja niliyemtafsiria hospitalini alinipigia simu kuuliza kama ni kweli daktari alimkataza maharage. Ana miezi minane hajayagusa. Sikukumbuka, ila nilimwambia arudi akaulize.

Jumamosi zikahamia kwa Mama Penina. Wakaianza tamthilia upya, Mwende akitafsiri, na Bi Hana akienda na biskuti. Mimi sikualikwa. Nilikuwa nasimama dirishani naona Bi Hana anakatisha pakingi na viatu vyake vya kukimbilia. Nilihesabu Jumamosi kumi na moja. Chai nilikunywa mwenyewe, na hakuna kitu kibaya kama chai ya birika kubwa kwa mtu mmoja.

Jumamosi ya kumi na mbili nikavaa viatu, nikaenda kugonga. Mama Penina akafungua mwenyewe. Nilikuwa nimepanga maneno mengi, yote yakanikimbia.

Nikamwambia, "Mama, sikuelewa. Hata ile sehemu ya kwanza sikuielewa."

"Hata ya kwanza?"

"Hata ya kwanza."

Akasogea kando ya mlango. "Basi ingia. Kaa chini. Na unyamaze."

Nikaingia. Nilikaa kwenye zulia, miguuni pa wale ndugu wawili, na sikufungua mdomo mpaka saa kumi na mbili. Hajaniita mtoto tangu siku ile, ananiita kwa jina, lakini chai alinipa.

Nyinyi mnaowatafsiria wazazi wenu hospitalini, ofisini, kanisani, hata mbele ya televisheni: mtu asiyejua lugha amekukabidhi macho yake na masikio yake. Usipoelewa, sema hujaelewa. Aibu yake ni ya dakika moja. Ukiogopa hiyo dakika moja, utamchafua mtu mwema mbele ya watu wema, na siku utakayotaka kumsafisha utakuta wameshasema amina.